Hodi ya Tatu

Hodi, jamani! Mmesikia? Basi msiitike haraka. Katika nchi ya hadithi hii, kuitika lilikuwa jambo zito kuliko kupiga kura, na watu waliliona hivyo kwa kuwa kura walikuwa wakipigiwa. Kaeni vizuri kwanza.

Nchi yenyewe iliendeshwa kwa magurudumu. Jogoo wake walikuwa wa bati, wakiwika baada ya kutiwa ufunguo mkiani. Punda wake walikuwa na kamani, yaani springi ya kukazwa, tumboni, na ukimkaza mmoja kupita kiasi, kamani ilifyatuka na punda akaenda zake mpaka mpakani. Hata mito ilisemekana kuwa na meno chini, lakini hilo lilisemwa na Waziri wa Maji, kwa hiyo tuliache.

Magurudumu hayo yote si kitu bila kiitikio. Kiitikio kilikuwa kidude cha shaba, kidogo kama punje ya kunde, kilichokaa kooni mwa kila mashine. Ukitaka mashine ifanye kazi, unaisogelea na kuibishia hodi kama unavyobisha mlangoni kwa mtu. Kiitikio kinajibu, "Karibu," na magurudumu yanaanza kuzunguka. Hodi za mlangoni kinawaachia wenye nyumba. Hakuna fundi aliyejua kukitengeneza. Watu walichomeka kipande cha shaba tupu juu ya mlango wa nyumba, wakakiacha kisikilize. Kikishasikia hodi na karibu za kutosha, za wageni waliofika na njaa na za ndugu waliorudi safari, siku moja kinaanza kuitika chenyewe kwa sauti ya mtu wa nyumba ile. Hapo kimeiva, unakichuma.

Hodi nayo ilikuwa na sheria yake. Unabisha mara tatu. Ukiitikiwa, unapita. Usipoitikiwa, unarudi ulikotoka, hata kama unasikia vijiko vikigonga sahani ndani. Hiyo ndiyo sheria pekee ambayo Bunge halikuwahi kuirekebisha, kwa sababu haikuandikwa mahali popote, na Bunge lile lilijua kurekebisha maandishi tu.

Mtawala wa nchi aliitwa Mtukufu Ufunguo Mkuu wa Taifa, Mtia Kamani wa Wote, Mlezi wa Magurudumu Makubwa na Madogo. Alivaa ufunguo wa dhahabu kifuani, mzito hata walinzi wawili walikuwa wakimbebea ncha. Aliingia Ikulu kwa dirisha. Siku ile alikuwa na haraka, na mwenye nyumba alikuwa bado yumo ndani, sasa kubisha hodi kungeleta maswali.

Siku hiyohiyo Saa Kuu iliyo mbele ya Ikulu ilitema kiitikio chake kikavingirika mpaka mtaroni, na saa ikasimama.

"Saa haijaharibika," redio ikatangaza jioni ile. "Saa imesimama kwa heshima. Ni adabu gani saa ikae, hali Mtukufu anapita?"

Wananchi wakaelewa. Mmoja ambaye hakuelewa aliuliza saa itakaa lini, akakalishwa yeye, mahali penye kuta nene.

*

Miaka ikapita bila kuhesabiwa, maana saa ilikuwa imesimama. Kisha Mtukufu akataka kuadhimisha utawala wake na kualika watawala wa nchi jirani, ambao saa zao, kwa kukosa adabu, zilikuwa zikitembea. Ikaonekana haipendezi wageni waje wakute saa moja tu inayotoa heshima. Mtukufu akaamuru Saa Kuu itembee, tena siku ya sherehe iitike "Karibu" kwa sauti ya kusikika na kila mtu.

Kazi akapewa Waziri wa Mafuta. Waziri akapanda ngazi mbele ya waandishi wa habari, akaipaka saa mafuta kwa mgongo wa chupa. Hakuwa na njia nyingine, kwa kuwa tumbo la chupa lilikwisha kumiminwa nyumbani kwake. Saa haikutikisika. Ndipo lilipotolewa Tangazo: kila mwananchi atatoa kwa hiari yake kiitikio cha nyumbani kwake, ili viitikio vyote vikusanywe katika koo moja la taifa. Asiyekuwa na hiari, atapewa.

Habari hizo zilimkuta Sikudhani katika Mtaa wa Meno Mabovu, akimkaangia mama yake samaki. Sikudhani alisomea chuo cha magurudumu na kufaulu vizuri, lakini sauti yake ilikuwa ndogo hivi kwamba walimu walimwandika hayupo darasani siku zote alizokuwepo. Alikuwa mtu wa kumwomba radhi paka akimkanyaga mkia, na paka akimwibia samaki, pia.

Mama yake, Bi Arafa, sauti alikuwa nayo ya watu wawili. Pumzi ndiyo iliyompungua. Vumbi la kiwanda cha kamani lilikuwa limemla mapafu, na sasa alivutiwa hewa na mvukuto wa shaba uliofungwa kifuani kwa mikanda. Kooni mwa mvukuto kilikaa kiitikio kilichoivia juu ya mlango wa nyumba ile, kwa sauti ya marehemu mumewe. Kila asubuhi Sikudhani aliinama kifuani pa mama yake akasema, "Hodi." Na sauti ya baba yake ikajibu, "Karibu, karibu mwanangu, pita, usisimame juani." Mvukuto ukaanza kupanda na kushuka.

"Huyu mtu," Bi Arafa alizoea kusema, "hata kufa hakukumpunguzia maneno."

Redio ilipomaliza kusoma Tangazo, mama na binti walitazamana. Samaki akaungua.

"Hawatakichukua, mama," alisema Sikudhani.

"Sema kwa nguvu, basi. Na wao wasikie."

*

Afisa wa kukusanya viitikio mtaani pale aliitwa Bwana Mdoe, kijana mwenye kofia kubwa na kapu la serikali. Wizara ilikuwa imemfunza kwa bidii asibishe hodi. "Hodi ni swali," mkufunzi alisema, "na serikali haiulizi." Mdoe alikariri vizuri. Lakini alipofika mbele ya mlango wa Bi Arafa, mguu ukasita juu ya kizingiti, na ulimi uliolelewa na mama yake ukamponyoka.

"Hodi!"

Sikudhani akafungua kinywa kwa mazoea. Bi Arafa akamziba kwa kiganja.

"Nyamaza," akanong'ona.

Mdoe akajikunja kwa uchungu pale nje, maana alijua alichokwisha kufanya. "Hodi jamani! Wenyewe mpo?"

Kimya. Mvukuto tu, fuu, fuu.

"Hodi! Nawasikia mnapumua!"

Fuu, fuu.

Mdoe akavua kofia, akaivaa tena, akatazama kulia na kushoto. Ya tatu ilikuwa imepita. Akageuka akaenda zake, kapu likimgonga magotini.

Ndani, Bi Arafa alicheka mpaka mvukuto ukakwama na ikabidi ubishiwe hodi upya. Jirani yao Mwanakombo, mwenye mashine ya kusaga nafaka, alikuwa amechungulia yote dirishani kwake. Kabla jua halijageuka, mtaa mzima ulijua. Kufika Ijumaa mji mzima ulikuwa kimya. Maafisa walibisha na kubisha, watu ndani wakala wali wao bila kugonga vijiko. Makapu yalirudi wizarani matupu.

Bungeni, Waziri wa Mafuta alisimama akitetemeka kwa uzalendo. "Waheshimiwa, ukimya huu ni kelele! Ni kelele ya chini kwa chini! Mtu asiyeitika ameitika, isipokuwa ameitika vibaya!" Wabunge wakapiga meza. Halafu, bila kupoteza muda, ambao kisheria haukuwepo, wakaanzisha cheo kipya: Mwitikiaji wa Serikali.

*

Mwitikiaji aliyepelekwa Mtaa wa Meno Mabovu aliitwa Chande. Alikuwa mnene, mchangamfu, mwenye sauti ya mwenye nyumba.

"Hodi!" alibisha Mdoe, safari hii kwa raha.

"Karibuni!" akaitika Chande, aliyesimama begani kwake. "Karibuni sana! Piteni, piteni, nyumba yenu hii!"

"Ahsante, tumekaribia," alisema Mdoe, na wote wawili wakaingia.

Sikudhani alisimama mbele ya kitanda cha mama yake. "Sijawakaribisha," alisema.

"Unasemaje?" Chande alitega sikio.

"Nasema sijawakaribisha."

"Umetukaribisha, dada, kupitia mwakilishi wako. Ndiye mimi. Tena umetukaribisha vizuri mno, nimekusikia."

"Aliyekaribishwa na mwenzake," alisema Bi Arafa kutoka kitandani, "akale kwa mwenzake."

"Mkikitoa, mama atakufa," alisema Sikudhani.

Chande ndiye aliyejibu, kwa upole wa kitabu alichokariri. "Sera inalitambua hilo, dada. Atakufa akiwa mchangiaji."

Walikitoa kwa koleo dogo. Mvukuto ukashuka, haukupanda. Uso wa Bi Arafa ukaanza kubadilika rangi, na hapo Sikudhani, ambaye hakuwahi kumsukuma mtu maishani mwake, alimsukuma Chande akakaa juu ya kikaango. Akaushika mvukuto kwa mikono miwili, akauvuta juu, akaushindilia chini. Juu, chini. Hewa ikaingia. Pumzi ya kwanza aliyoipata, Bi Arafa hakuila, aliitumia.

"Wewe Mdoe," alisema, "mama yako anajua kazi unayofanya?"

Mdoe alitoka mbio. Chande alitoka taratibu, akipangusa mafuta ya samaki.

Mwanakombo aliingia baada yao. Kiitikio chake nacho kilikuwa kimekwenda, na mashine yake ya kusaga ilikuwa imebaki bati na magurudumu.

"Sogea, mwanangu," alimwambia Sikudhani. "Mikono yangu imezoea mchi. Serikali imenirudisha kwenye kazi ya bibi yangu."

Wakapokezana, yeye na wanawake wengine wa mtaa. Walivuta kwa nyimbo za kutwangia, na kila wimbo waliutia maneno mapya kuhusu Waziri na chupa yake. Lakini mikono ni mikono. Mmoja akisinzia, mwingine akichelewa, Bi Arafa alianza kulegea macho. Sikudhani aliona kwamba siku moja nyimbo zitakwisha kabla ya pumzi.

"Nakwenda kukifuata, mama," alisema asubuhi ya sherehe.

"Kwa sauti hiyo?"

"Ndiyo niliyo nayo."

Bi Arafa alingoja Mwanakombo amvutie pumzi, fuu, fuu. "Basi nenda nayo," alisema. "Na usimwombe mtu samahani njiani."

*

Uwanja wa Ikulu ulijaa. Kuhudhuria kulikuwa kwa hiari, na waliokosa hiari waliletewa nyumbani kwa malori. Viitikio vyote vya nchi vilikuwa vimewekwa ndani ya sufuria kubwa ya shaba, sufuria imechomekwa kooni mwa Saa Kuu. Wizara ilijaribu kuviyeyusha viwe kimoja, vikakataa. Kila moto ulipowashwa vilisema, "Karibu chai," wakakata tamaa.

Wageni wa nchi jirani waliketi kivulini. Mtukufu alihutubia. Alisema kwamba alilikuta taifa likiwa gurudumu bila meno, yeye akalitia meno. Alisema meno hayo ndiyo yanayowauma, ili wajue yapo. Watu wakashangilia mahali palipowekwa alama ya kushangilia.

Kisha likaja jambo ambalo hakuna mshauri aliyethubutu kumwambia mapema. Saa haikupokea amri, ilipokea hodi.

"Nibishe?" Mtukufu aliuliza, na kipaza sauti kikalipeleka swali hilo uwanja mzima. "Mimi nibishe hodi? Kwangu?"

"Ni tamko dogo tu, Mtukufu," alinong'ona Waziri wa Mafuta. "Tumelipa jina la Hotuba Fupi."

Mtukufu akakohoa. Alikuwa hajawahi kulitamka neno lile, likamtoka kama mfupa.

"Hodi."

Sufuria ikatikisika. Kutoka ndani ikatoka sauti ya kibabu kilichoamshwa usingizini. "Nani?"

"Mimi!" alisema Mtukufu, kama anavyosema mtu yeyote.

"Mimi nani?"

Uwanjani mtu mmoja alicheka, kicheko kikakatwa. Mtukufu akavimba kifua. "Ufunguo Mkuu wa Taifa, Mtia Kamani wa Wote, Mlezi wa Magurudumu Makubwa na—"

"Mnamjua?" sauti iliuliza wenzake ndani ya sufuria.

"Atakuwa amekosea nyumba," ilijibu nyingine.

Watawala wa nchi jirani walitazama viatu vyao. Waziri wa Mafuta aliwapungia mkono Waitikiaji wa Serikali, waliopangwa nyuma ya saa na Chande akiwa mbele yao.

"Hodi!" Mtukufu alirudia, jasho likimtiririka.

"Karibu Mtukufu!" waliitika Waitikiaji kwa pamoja. "Karibu sana, pita, nyumba yako hii!"

"We! We!" Ilikuwa sauti ya bibi, kali kama pilipili. "Nani huyo anayekaribisha watu kwetu?"

Chande alifunga mdomo. Wenzake wakafunga yao, mmoja mmoja, kama watoto waliokutwa jikoni.

Ilibaki moja. Uwanja wote ulijua, na Mtukufu alijua kwamba wanajua. Aliushika ufunguo wake wa dhahabu, akapiga hatua mbele ya saa, akapaza sauti iliyokuwa ikitetemesha mikoa.

"HODI!"

Sufuria ilinyamaza. Haukuwa ukimya wa kitu kibovu. Ulikuwa ule ukimya wa nyumba yenye watu ndani.

Walinzi waliiinua mitutu yao, ila hawakujua waielekeze wapi, maana hakuna aliyefanya lolote. Sikudhani, katikati ya umati, alimfikiria Mwanakombo na mikono yake. Akajipenyeza mbele, mabega kwa mabega, bila kuomba samahani. Akafika chini ya saa. Sauti yake ilikuwa ileile, ndogo, lakini kwa ukimya ule hata sindano ingehutubia.

"Hodi," alisema.

"Karibu!" ikajibu sauti ya baba yake, kwa furaha, mbele ya majeshi yote ya nchi. "Karibu, karibu mwanangu, pita, usisimame juani!"

Na kutoka katika sufuria kikaruka kidude cha shaba kama bisi kutoka kwenye chungu, kikatua kiganjani mwake.

"Mkamateni!" alipiga kelele Waziri wa Mafuta.

Lakini mwanamume mmoja mwenye mkono wa magurudumu ulioninginia tangu ukusanyaji alikwisha kusema, "Hodi," na msichana mmoja akasema, "Hodi, bibi," kisha uwanja mzima ukawa unabisha, na sufuria ikawa inapasuka kwa karibu za kila aina, za kukwaruza, za kuimba, za kigugumizi, za watu waliokufa na watu walio hai, na viitikio vikiruka juu ya kofia za walinzi kutafuta wenyewe. Mlinzi mmoja aliweka mtutu chini akabisha pia. Alijibiwa na mama yake. Bwana Mdoe alionekana akilia ndani ya kofia.

Saa Kuu ikatoa mlio mrefu, kama mtu aliyesimamishwa kutwa nzima. Mishale yake yote miwili ikalegea, ikashuka, ikaninginia.

"Imekaa!" alisema mtu. "Jamani, saa imekaa!"

Mkuu wa walinzi alimkaribia Mtukufu, akapiga saluti, akasema kwa masikitiko ya dhati, "Mtukufu, ya tatu imepita."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo ni kurudi ulikotoka, Mtukufu."

Wakashauriana, maana alitokea dirishani. Mwishowe wakamzungusha nyuma ya Ikulu kwa gwaride kamili, wakamfikisha nje ya dirisha lilelile, wakamgeuza uso kuelekea barabarani, wakamvua ufunguo ili usimchoshe safarini. Hakuna aliyemgusa vibaya. Walikuwa watu wenye adabu zao.

*

Sikudhani alikimbia mpaka Mtaa wa Meno Mabovu. Mlangoni kwao alisimama, akihema, kiganja kimefumbwa.

"Hodi!"

Ndani alisikia nyimbo zimekwisha. Alisikia fuu, halafu kimya kirefu, halafu fuu.

"Nani?" Sauti ilikuwa nyembamba kama uzi.

"Mimi."

"Mimi nani? Sema kwa nguvu."

"Sikudhani, mama! Nimekuja nacho!"

Alikirudisha kooni mwa mvukuto, akabisha, baba yake akakaribisha. Mwanakombo aliinyoosha mikono yake sakafuni, akalala palepale alipokuwa.

Redio siku zilizofuata ilikuwa na mengi. Ilitangaza kwamba Waziri wa Mafuta sasa anaitwa Waziri wa Muda, na kwamba yeye daima alikuwa upande wa sufuria. Saa Kuu haikupewa kiitikio kingine. Watu walichomeka shaba tupu juu ya mlango wa Ikulu, wakasema isikilize kwanza, wataona itakavyoiva.

Jioni moja ya mvua, Bi Arafa na binti yake wakiwa wanakula, mtu alibisha nje. Ilikuwa sauti nzito, isiyolizoea neno lenyewe.

"Hodi."

Sikudhani aliacha tonge hewani. Mvua ilikuwa kubwa, na moyo wake ulikuwa uleule wa kumwomba radhi paka. Alimtazama mama yake.

Bi Arafa hakuacha kutafuna. "Kula, mwanangu," alisema. "Bado mbili."